Patrice Lumumba, karani wa posta: kazi moja, vyeo viwili

Mtu anayetoka Kolwezi kwenda Lubumbashi kwa barabara anapita Likasi, kisha, kama kilomita 50 kabla ya kufika Lubumbashi, anapita karibu na Shilatembo. Hapo ndipo Patrice Emery Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, aliuawa usiku wa tarehe 17 mwezi wa kwanza 1961, pamoja na Maurice Mpolo na Joseph Okito. Kifo hicho kinajulikana na kila mtu. Hotuba yake ya tarehe 30 mwezi wa sita 1960 inajulikana pia. Lakini wengi wanasahau kwamba kabla ya kuingia siasa, Lumumba alikuwa mtumishi wa serikali kwa zaidi ya miaka kumi. Alikuwa karani wa posta.

Miaka hiyo ya posta ndiyo ilimfundisha swali ambalo lilimfuata mpaka mwisho: cheo na mshahara wa mtu vinapimwa na nini? Vinapimwa na kazi anayofanya kweli, na diploma aliyo nayo, au na rangi na jamaa yake? Swali hilo halikuzikwa naye. Leo hii, katika biro za serikali za Kolwezi na za Lualaba yote, watumishi wanaliuliza kila mwisho wa mwezi.

Kijana wa Onalua

Lumumba alizaliwa tarehe 2 mwezi wa saba 1925 katika kijiji cha Onalua, eneo la Katako-Kombe, huko Sankuru. Jina lake la kwanza lilikuwa Élias Okit'Asombo. Alisoma kwa wamisionari, kwanza kwa Wakatoliki na Waprotestanti wa kwao, lakini hakumaliza masomo ya sekondari. Mwaka wa 1943 aliondoka nyumbani akaenda upande wa Maniema. Huko Kalima alipata kazi katika kampuni ya Symétain, iliyochimba madini ya bati. Kwa hiyo, kama vijana wengi wa Kolwezi, kazi yake ya kwanza ya mshahara ilikuwa kwa kampuni ya mgodi.

Mwaka wa 1944 alifika Stanleyville, ndiyo Kisangani ya leo. Akaingia kazi ya serikali. Mwaka wa 1947 alitumwa Léopoldville, Kinshasa ya leo, kusoma katika shule ya posta. Masomo yalichukua miezi michache tu, lakini yalimpa kazi yenye heshima. Alirudi Mashariki, akafanya kazi Yangambi, halafu tena Stanleyville, mpaka akafika kwenye hesabu za hundi za posta.

Karani wa posta wa wakati ule hakuwa mtu wa kuuza timbre tu. Alipima vifurushi, alipokea feza za watu waliotumia jamaa zao walio mbali, aliandika vitabu vya hesabu, alisoma barua za serikali kwa Kifaransa na kuwaeleza raia kwa Kiswahili au Kilingala. Kosa moja la tarakimu lilitosha kumnyima mama wa kijijini feza ya mtoto wake. Ilikuwa kazi ya akili na ya kuaminiwa.

Nje ya saa za kazi Lumumba alisoma vitabu sana, alisaidia kwenye maktaba ya mji, na aliandika makala katika magazeti ya wakati ule kama La Voix du Congolais. Aliongoza vyama vya watu waliosoma, pamoja na chama cha watu wa posta wa Mashariki na tawi la APIC, chama cha watumishi weusi wa koloni. Huko ndiko malalamiko ya kazi yalikusanyika mbele yake.

Vitabu viwili vya mshahara

Malalamiko yenyewe yalikuwa haya. Serikali ya Wabeleji ilikuwa na aina mbili za watumishi. Wazungu walikuwa watumishi kamili, wenye vyeo, likizo na pensheni ya Ulaya. Wakongo waliitwa wasaidizi. Mkongo angeweza kukaa miaka 15 kwenye meza moja, akamfundisha kijana Mzungu aliyeshuka jana kutoka kwenye ndege, na kesho yake kijana huyo akawa mkubwa wake. Kazi ilikuwa moja, lakini vyeo vilikuwa viwili na vitabu vya mshahara vilikuwa viwili.

Watu wa Katanga hawahitaji kuelezwa sana jambo hili. Union Minière, iliyojenga Kolwezi kuanzia mwaka wa 1937 kama mji wa mgodi, nayo ilitenga watu hivyo hivyo: upande mmoja wafanyakazi wa Ulaya, upande mwingine kazi ya wenyeji, kila upande na kambi yake, hospitali yake na hesabu yake. Kapita mweusi alijua mashine kuliko wengi, lakini alibaki kapita. Mwezi wa kumi na mbili 1941, wafanyakazi weusi wa Likasi na Lubumbashi waligoma kwa ajili ya mshahara, na askari wakawapiga risasi. Wazee wa kambi za Katanga walisimulia habari hiyo kwa miaka mingi.

Katika posta na katika mgodi, vyeo havikupangwa kwa kukaa kando ya mfanyakazi mweusi na kuandika anafanya nini kuanzia asubuhi hadi jioni. Kama ingefanywa hivyo, uongo wa vyeo viwili ungeonekana siku ya kwanza.

Na elimu ya kufanya hivyo ilikuwako. Mwaka wa 1954, Mmarekani John Flanagan alieleza njia aliyoitumia kwa marubani wa jeshi: usimuulize mtu anafikiri nini juu ya kazi yake kwa jumla, muulize juu ya siku fulani ambapo kazi ilienda vizuri sana au iliharibika, na alifanya nini saa ile. Mwaka wa 1955, André Ombredane, profesa wa Brussels, alitoa pamoja na Jean-Marie Faverge kitabu kilichokuwa msingi wa uchambuzi wa kazi katika lugha ya Kifaransa. Walifundisha kwamba kuna kazi jinsi inavyotakiwa na mkubwa, na kuna kazi jinsi mfanyakazi anavyoifanya kweli, na kwamba ukitaka kujua ya pili lazima uende pale inapofanyika ukaitazame. Ombredane huyo huyo alisafiri Kongo miaka hiyo kupima akili za Wakongo kwa majaribio ya picha na maumbo. Yaani sayansi ya Wabeleji ilikuja kupima mtu mweusi. Kupima kazi ya mtu mweusi, ili alipwe inavyostahili, ilikuwa neno lingine.

Mwaka wa 1954 Lumumba alipata, baada ya kukataliwa mara ya kwanza, kuandikishwa kati ya Wakongo waliohesabiwa kuishi kama Wazungu. Kabla ya kupewa karatasi hiyo, mtu alichunguzwa mpaka ndani ya nyumba yake: anakula namna gani, mke wake anavaa nini, watoto wanasoma wapi. Alipoipata, mshahara wake haukuwa wa Mzungu. Alitakiwa kuishi kama mtu wa cheo cha juu na kulipwa kama mtu wa cheo cha chini.

Feza za posta

Hapa habari ya Lumumba inapaswa kusemwa yote. Mwezi wa saba 1956, aliporudi kutoka safari ya Ubelgiji pamoja na Wakongo wengine waliosoma, alikamatwa. Alishitakiwa kwamba alichukua feza za posta, jumla franka 126 000. Alikiri kuzichukua, na marafiki wa Stanleyville walichanga ili zirudishwe. Alihukumiwa kifungo cha miaka miwili, kikapunguzwa, akatoka mwezi wa tisa 1957.

Wanaomchukia walitumia kosa hilo maisha yake yote na hata baada ya kifo chake. Wanaompenda wanapenda kulificha. Lakini mtu anayechunguza kazi analitazama kwa jicho lingine bila kulisamehe. Kuna sheria ya zamani ya kazi ya feza: anayepokea asiwe ndiye anayeandika, na anayeandika asiwe ndiye anayehakikisha. Feza zikipotea kidogo kidogo, mara nyingi, kabla mtu hajagundua, kosa ni la aliyechukua, na pia kazi yenyewe ilipangwa vibaya. Katika biro nyingi za kodi, za shule na za hospitali, kazi bado imepangwa vibaya namna hiyo, mtu mmoja ameshika kibali, kalamu na sanduku.

Ndani ya gereza Lumumba aliandika kitabu juu ya Kongo na kesho yake, kilichotoka 1961 akiwa amekwisha kufa. Si kitabu cha mapinduzi. Ni kitabu cha mtumishi anayejua biro: anazungumzia mishahara, masomo, nafasi ya Mkongo katika kazi ya serikali, na namna wakubwa wanavyowatendea wadogo. Wakati ule bado aliamini kwamba mambo yangetengenezwa kwa kupanga kazi vizuri.

Kutoka biro kuingia siasa

Baada ya gereza hakurudi posta. Alienda Léopoldville, akauza bia ya Polar kwa kampuni ya Bracongo, na kazi hiyo ikamfundisha kuongea na watu wa kila kabila. Mwezi wa kumi 1958 alikuwa kati ya waanzilishi wa chama cha MNC. Mwisho wa mwaka huo alikwenda Accra, akakutana na wakubwa wa Afrika waliotaka uhuru. Mwezi wa kumi 1959 fujo zilitokea Stanleyville, watu wakafa, naye akakamatwa. Mwezi wa kwanza 1960 alihukumiwa miezi sita, akaletwa kwa gereza la Jadotville, Likasi ya leo. Alikaa humo siku chache tu, kwa sababu wajumbe wa Kongo waliokuwa Brussels kwenye mkutano wa meza ya duara walidai aachiwe. Akapelekwa Ubelgiji kwa ndege.

Mwaka wa 1959 serikali ya koloni ilikuwa imetangaza sheria moja kwa watumishi wote, weusi na weupe. Kwenye karatasi vitabu viwili vikawa kimoja. Lakini Wakongo karibu wote waliwekwa kwenye ngazi ya chini, kwa sababu ngazi za juu zilidai diploma ambazo shule za koloni hazikuwa zimewapa. Siku ya uhuru, kati ya nafasi karibu 4 600 za juu za serikali, Wakongo walikuwa na tatu tu. Waliomaliza masomo ya chuo kikuu hawakufika 30. Daktari Mkongo hakuwako hata mmoja. Jeshi lilikuwa na askari zaidi ya 20 000, na hakuna Mkongo aliyekuwa ofisa.

Hiyo ndiyo serikali aliyopewa karani wa zamani wa posta, akiwa na miaka 35 tu kasoro siku mbili.

Siku ambapo kila askari alipanda cheo

Tarehe 5 mwezi wa saba 1960, askari wa Léopoldville na Thysville waliasi. Walikuwa wameona mawaziri weusi, wabunge weusi, na juu yao wenyewe ofisa Mzungu yule yule. Lumumba alijibu kama mtu anayekumbuka uchungu wa cheo. Alimwondoa Jenerali Janssens, na akapandisha kila askari cheo kimoja. Siku chache baadaye jeshi likapewa wakubwa Wakongo. Mkuu wa jeshi akawa Victor Lundula, aliyekuwa askari wa vita vya pili vya dunia na wakati ule bulgumestri wa komini huko Jadotville. Mkuu wa majeshi akawa Joseph Mobutu, aliyekuwa karani wa jeshi, halafu mwandishi wa habari. Katika kambi nyingi askari walichagua wenyewe wakubwa wao.

Uchungu ulikuwa wa haki, lakini dawa haikugusa ugonjwa. Kupandisha watu wote cheo kimoja ni kuacha kila mtu mahali pake, kwa maana kazi haijabadilika. Na kumpa mtu nafasi ya ofisa bila kuonyesha ofisa anafanya nini asubuhi, mchana na usiku, bila kumfundisha sehemu anayokosa, ni kumpa nyota za begani tu. Miezi miwili tu ilipita na Mobutu akatumia cheo hicho kumwondoa aliyempa. Tarehe 11 mwezi wa saba Moïse Tshombe alitangaza Katanga imejitenga, Wabeleji na feza za Union Minière nyuma yake. Maelfu ya watumishi Wazungu waliondoka Kongo kwa wiki chache, wakaacha biro zao na makaratasi yake.

Ni haki kuuliza: Lumumba angefanya nini tofauti, kwa wiki mbili, moto ukiwaka? Labda hakuwa na nafasi. Lakini mfano wa njia nyingine uko, na ulitokea mwaka ule ule. Wasaidizi wa madaktari, Wakongo waliosoma miaka mingi na ambao katika hospitali nyingi walifanya karibu kazi yote ya daktari, hawakupewa jina la daktari siku moja. Shirika la afya la dunia lilisaidia kutuma kama 60 kati yao Ufaransa. Ilijulikana wanajua nini tayari na wanakosa nini. Kilichokosekana kilifundishwa, na baada ya miaka michache walirudi wakiwa madaktari kamili. Mwaka wa 1961 shule ya sheria na utawala ilifunguliwa Léopoldville kwa ajili ya kazi za biro. Lumumba hakuiona.

Kuhusu mwisho wake tunajua. Tarehe 5 mwezi wa tisa Rais Kasa-Vubu alimwondoa, tarehe 14 Mobutu akashika nguvu. Lumumba alitoroka mwisho wa mwezi wa kumi na moja kwenda Stanleyville, mji wake wa posta, akakamatwa njiani karibu na mto Sankuru. Alifungwa Thysville. Tarehe 17 mwezi wa kwanza 1961 waliwapakia ndani ya ndege, yeye, Mpolo na Okito, wakaletwa Lubumbashi wakipigwa njia yote. Usiku ule ule wakapigwa risasi mbele ya wakubwa wa Katanga na maofisa Wabeleji. Katanga ya Tshombe iliishi miaka miwili zaidi. Ngome yake ya mwisho ilikuwa Kolwezi, iliyoachwa mwezi wa kwanza 1963.

Lualaba leo

Tangu mwaka wa 2015 Kolwezi ni makao ya jimbo. Biro za wilaya ya zamani zilipaswa kuwa divizio za jimbo zima. Sheria namba 16/013 ya tarehe 15 mwezi wa saba 2016 inapanga watumishi wa kazi ya serikali kwa vyeo, kutoka chini mpaka shefu wa biro, shefu wa divizio, mkurugenzi na katibu mkuu. Kila utumishi unatakiwa kuwa na kadri organiki, yaani orodha rasmi ya nafasi zake. Karatasi ziko.

Lakini mtumishi wa Kongo anajua maisha yanavyokwenda. Kuna mwenye nambari ya matrikule anayelipwa na haonekani. Kuna kijana anayekuja kila siku miaka mingi, anaandika barua zote za biro, na jina lake halijaingia kwenye listi ya mishahara. Kuna biro yenye mashefu wengi kuliko wanaowaongoza. Vyeo viwili vya mkoloni, cha mweupe na cha mweusi, vimekwisha. Vimekuja vingine: mwenye kulipwa na asiyelipwa, mwenye mkubwa Kinshasa na asiye na mtu. Na mgodini, mtu wa kampuni na mtu wa kampuni ndogo inayokodisha wafanyakazi huendesha gari moja, zamu moja, kwa mshahara usiolingana.

Dawa ya kwanza haihitaji feza nyingi. Ni kutazama kazi inapofanyika, kumuuliza anayeifanya, kumuuliza juu ya siku ilipoharibika, kulinganisha maneno yake na ya mkubwa wake, halafu kuandika fishi ya kila nafasi: inafanya nini, inahitaji elimu gani, inajibu kwa nani, nani anaihakikisha. Mtumishi mwenyewe anaweza kuanza kwa kuandika katika daftari, wiki mbili mfululizo, kila kazi aliyoifanya na saa aliyotumia. Siku ya kudai haki yake, daftari hilo litasema zaidi kuliko malalamiko.

Mwezi wa sita 2022 Ubelgiji ulirudisha jino la Lumumba, kitu pekee kilichobaki cha mwili wake. Sanduku lilipelekwa Onalua alikozaliwa, Kisangani alikokaa nyuma ya dirisha la posta, Shilatembo alikouawa, na likazikwa Kinshasa tarehe 30. Wengi wa Lualaba walifuata safari hiyo kwa redio na kwa simu, wengine kwa machozi, wengine kwa kimya, kwa sababu katika jimbo hili jina lake bado linagawa watu. Lakini awe anampenda au hampendi, mtumishi ambaye leo amekaa Kolwezi akifanya kazi ya mtu mwingine kwa mshahara usio wake anajua vizuri karani yule wa Stanleyville alikuwa analalamikia nini.